Mkono wa Bruda Liberati

Katika darasa letu la jioni huku Louisville, Marekani, mwalimu alikuwa akizima taa na kutuonyesha michoro miwili ukutani, mmoja kando ya mwingine. Watu walikuwa walewale katika yote miwili: mzee kitandani, kijana amepiga magoti, mwanamke amesimama na bakuli. Wino uleule wa kahawia. Karatasi ileile iliyozeeka hadi ikafanana na chai ya maziwa.

"Mmoja ni wa Rembrandt," alisema, "na mwingine ni wa mwanafunzi wake. Msiniambie upi mzuri. Niambieni upi ni wa nani."

Katika giza lile karatasi mbili zilielea mbele yetu kama madirisha mawili ya nyumba moja.

Rembrandt, kwa asiyemjua, alikuwa mchoraji wa Uholanzi, karibu miaka mia nne iliyopita. Vijana walikwenda kwake kujifunza. Waliketi pamoja wakimzunguka mtu mmoja, kila mmoja akichora kutoka upande wake, na michoro mingi haikuandikwa jina. Baadaye makaratasi yakachanganyika, na mpaka leo wako wataalamu ambao kazi yao ni kuyatenganisha. Mchoro ulioitwa wa bwana kwa muda mrefu unaweza siku moja kuambiwa kwamba wewe ni wa mwanafunzi, shuka kitini.

Mwalimu alitupa mambo mawili ya kushika. La kwanza, mwanafunzi anaogopa karatasi tupu. Anajaza vifungo, kucha, nyuzi za pazia. Bwana huacha nafasi, na nafasi ile inageuka kuwa mwanga. La pili, watu wa mwanafunzi wamewekwa tu, lakini watu wa bwana wanaangalia kitu. Ukifuata macho yao utafika mahali.

Mimi nilipata zaidi kuliko nilivyokosa, na sikuona sababu ya kuficha. Naitwa Cubaka. Nilimaliza masomo ya sekondari nikiwa mzee wa mvi, kwa madarasa ya jioni, baada ya miaka ya kupanga maboksi ghalani, na cheti changu kimetundikwa sebuleni kwangu, mtaa wa Beechmont, mahali ambapo mgeni hawezi kukikwepa. Baada ya cheti sikuacha. Kila kozi ya jioni iliyofunguliwa nilipanda basi nikaenda. Lakini hili la Mholanzi na wanafunzi wake nililisoma kwa njaa, kwa sababu mimi pia nilikuwa na Mholanzi wangu.

Kwenye misheni yetu ya milimani, juu ya Bukavu kule Kongo, aliishi mtawa mmoja aliyeitwa Bruda Liberati. Alitoka Uholanzi, mrefu, mwenye viatu vya mbao siku za mvua. Alichora. Wino wake alijitengenezea kwa masizi ya jikoni, kalamu zake zilikuwa matete aliyoyachonga mwenyewe, na katika karakana yake walikaa vijana wetu wachache wakijifunza. Hapakuwa na mpiga picha kule juu. Kwa hiyo ilikuwa desturi ya misheni yetu kwamba kila bibi-arusi, kabla ya misa, akalishwe kwenye kiti cha duara katikati ya karakana, na Bruda na wanafunzi wake wamchore wakati kwaya inakusanyika. Mchoro mmoja walipewa maarusi. Haukuandikwa jina la aliyeuchora.

Wangu nilipewa. Bulonza, mke wangu, amekaa kwenye kiti kile ameinamisha macho. Na ndivyo inavyotakiwa. Kwetu bibi-arusi haangalii watu. Anainamisha macho na kulia kidogo hata kama hana cha kulilia, maana akionyesha furaha watasema amechoka na nyumba ya mama yake. Katika mchoro wangu kila ushanga upo, kila ua la kitenge lipo, na shingoni kuna mstari mmoja mzito unaoshuka kutoka sikioni hadi begani kana kwamba umeanguka wenyewe. Mchoro huo ulivuka vita ndani ya jalada la Biblia, ukakaa nasi miaka ya kambi ya wakimbizi ya Nyarugusu, Tanzania, ukapanda ndege kuja huku. Nilikuwa nikiwaonyesha wageni ule mstari wa shingo. Nilikuwa nikisema, "Huo ni mkono wa Bruda mwenyewe."

Bulonza alifariki majira ya baridi ya mwaka 2014. Mwaka ulipokaribia kutimia tukaanza maandalizi ya kuondoa matanga, na nyie mnajua watu wetu siku hiyo huvaa nini: fulana na vitenge vyenye sura ya marehemu, ukumbi mzima, mpaka watoto. Binti yetu Séphora, anayefanya kazi ya kutunza wazee, alikuwa na picha nyingi za mama yake kwenye simu, zote za mwisho, zote za hospitali. Bulonza alikwisha kumkataza. "Musivalishe watu ugonjwa wangu," alimwambia. Picha za kambi nazo zilikuwa za kushika kibao chenye namba kifuani. Ikabaki michoro.

Nilikuwa nimekwisha kumwambia Zenoni, Mrundi mwenye duka la kuchapa fulana, kwamba nitamletea mchoro wangu, ndipo shemeji yangu Cibalonza alipopiga simu kutoka Columbus.

"Shemeji, ile yako ya Louisville iko picha ya ushanga tu," alisema. "Dada yangu yuko kwangu. Tutachapa yangu."

"Yako ipi?"

"Ya siku ileile. Kwani ulizani walichora moja?"

Nilikaa kitini. Sikuwahi kusikia kwamba mchoro mwingine umebaki duniani. Nikamwambia kwamba mke wangu atachapwa kwa mkono wa bwana, si wa mwanafunzi, na kwamba mimi nimesomea jambo hilo na nitakuja kuuona mwenyewe. Cibalonza alicheka mpaka simu ikakwaruza.

Séphora aliendesha. Alinijibu kwa Kiingereza, kama kawaida yake, kwamba fulana ni fulana, lakini aliendesha. Mashamba ya Ohio yalikuwa yamelala chini ya theluji, weupe usio na mwanzo, na juu yake miti mitupu, ua wa mbao, ghala moja limeinama. Mistari ya kahawia kwenye karatasi tupu. Nilianza kuisoma njia yote kama michoro. Pale aliyechora ameogopa, akajaza matawi. Pale hakuogopa, akaweka kijumba kimoja na kuacha vingine vyote kwa mwanga. Joto la gari lilinibembeleza, nikawa sijui tena kama naangalia nje au naangalia ukuta wa darasa, na mara mbili Séphora aliniuliza nazungumza na nani.

Cibalonza anakaa Westerville, upande wa kaskazini wa mji. Alitufungulia akiwa bado na sare ya kazi.

"Karibu, profesa," alisema. "Kofia ya shule umeacha mu gari?"

"Nimeiacha ili isikutishe."

"Bon. Kaa, kula kwanza. Umekuja kuona dada yangu ao umekuja kumupatia mutihani?"

Tulikula bugali na sombe ya majani ya muhogo. Nilipoosha mikono na kuifuta vizuri, alileta foronya ya mto, na ndani ya foronya mlikuwa na vipande viwili vya boksi, na kati ya vipande hivyo karatasi.

Mistari ilikuwa michache kiasi kwamba mwanzoni sikuona mtu. Kisha niliona bega. Kitambaa cha kichwa kilikuwa mzunguko mmoja wa tete, wino umenenepa, ukakonda, ukaishia njiani. Nusu ya chini ya karatasi haikuwa na kitu kabisa. Ushanga haukuwepo. Na katikati ya utupu ule alikaa Bulonza mwenyewe, kijana, mzima, akipumua, na macho yake yalikuwa wazi.

Hayakuwa wazi kwa bahati. Aliyageuzia pembeni bila kugeuza kichwa, kama mtu anayeiba, na kona ya mdomo wake ilikuwa imeanza kupanda. Mdomo ule niliujua. Ulipanda hivyo alipokuwa na siri tamu, mtoto aliyeanza kutembea, nyama iliyofichwa kwa ajili ya Krismasi. Alikuwa anaangalia mtu.

Kila nilichofundishwa kiliniambia niko mbele ya mkono wa bwana.

"Huu ni wa mwanafunzi," nikasema.

"Mwanafunzi gani?" Cibalonza aliweka mikono kiunoni.

"Asiye na adabu. Bibi-arusi gani wa kwetu anaangalia hivi? Bruda aliishi kwetu miaka, alijua. Huyu ni kijana amekosea macho."

"Amekosea! Weye unaona dada yangu pale, anataka kusema neno, unasema amekosea! Sikia. Hii alinipatia yeye mwenyewe, kesho yake ya arusi. Nilikuwa kadogo. Alisema, 'Chunga hii, usionyeshe mutu wa kwa bwana yangu. Ata bwana yangu.' Nikachunga. Sasa amekufa, nikasema nionyeshe."

Séphora aliacha kutafuna. Hakuna aliyeniangalia, na hilo lilikuwa baya kuliko kuangaliwa.

Niseme wazi ilivyokuwa. Baba yangu na baba yake walipatana juu ya ng'ombe kabla sisi wawili hatujawahi kukaa chumba kimoja. Tuliishi vizuri. Hakuwahi kunidharau, hakuwahi kurudi kwao. Lakini sikuwahi kumuuliza kama alinitaka, naye hakuwahi kusema. Watu wa umri wetu hawaulizani hayo. Hata hospitali, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wangu, swali lilikuja mpaka kwenye meno likarudi. Sasa alikuwa mbele yangu, asubuhi ileile, kabla ya misa, anamtazama mtu kwa pembe ya jicho na kutabasamu, na kesho yake anauficha mchoro nisiuone.

Ndiyo maana nilisema mwanafunzi. Kama ni mkono wa mwanafunzi, macho yale ni kosa la kalamu. Kama ni mkono wa bwana, basi yalikuwepo, na mtu aliyeangaliwa alikuwepo.

"Papa," Séphora alisema polepole, safari hii kwa Kiswahili, "tuchape ile yako. Tumalize."

"Wachape," Cibalonza alisema. "Miye nitavaa yangu peke yangu, nitakaa mbele." Alirudisha karatasi katikati ya maboksi, kwa upole kuliko alivyosema. "Ao twende kwa Aganze. Yuko Buffalo. Alikaa mule ndani na kalamu mu mukono. Tutamuuliza nani alichora, na dada yangu alikuwa anaangalia nini."

Aganze nilimjua. Alikuwa mmoja wa wale vijana wa karakana. Ningeweza kukataa. Ningesema baridi ni kali, nimechoka, Séphora ana kazi. Nilitafuta sababu zote hizo usingizini, na asubuhi nilijikuta nimevaa koti nimekaa ndani ya gari, na Cibalonza kiti cha nyuma amepakata foronya yake kama mtu aliyebeba mkate wa moto.

Baada ya Cleveland ziwa lilianza kuonekana upande wa kushoto, kisha likaacha kuonekana, kwa sababu ziwa, theluji na mbingu vilikuwa kitu kimoja. Nilisinzia. Niliota niko karakana. Bruda yupo na wanafunzi wote wapo, wameinamia karatasi, na matete yanakwaruza kama kuku wanaotafuta chakula. Natembea nyuma yao nione kila mmoja anachora nini. Wote wanachora kiti cha duara. Kila karatasi ina kiti, kimechorwa vizuri, kivuli chake vizuri, na juu ya kiti hakuna mtu. Nikawauliza yuko wapi. Bruda aliinua kidole bila kuinua kichwa, akanionyesha kitu nyuma yangu, nami nikaogopa kugeuka.

"Papa Séphora," sauti ya Cibalonza ilisema, "amuka. Unalia kama mutoto, na miye ndiye nimebeba picha."

Aganze anakaa Cheektowaga, karibu na uwanja wa ndege. Nyumba yake ni ya mbao, na kila baada ya muda ndege hupita juu ya paa chini kabisa, vikombe vikatetemeka. Amezeeka vibaya kuliko mimi, niseme ukweli. Mikono inatikisika. Lakini alipotuona mlangoni alinyoosha yote miwili.

"Bwana-arusi!" alisema. "Leo umevaa koti ya nani?"

"Koti yangu."

"Pole. Ile ingine ilikuwa nzuri kuliko hii."

Tulimpa habari za msiba, akasikiliza ameinama. Kisha niliweka mchoro wangu juu ya meza yake, chini ya taa. Hakuuangalia hata muda wa kunywa funda moja la chai.

"Huyu ni Rugaba, mwenzetu wa karakana," alisema. "Mungu amupumzishe. Alihesabu ushanga kama mutu wa duka."

"Si Bruda?"

"Bruda? Papa Séphora, angalia mikono ya bibi yako. Ni mikungu mbili ya ndizi. Bon, lakini hapa..." Kidole chake kilitikisika mpaka kikagusa shingo, na hapo kikatulia. "Hapa ni Bruda. Alikuwa anapita nyuma yetu. Akamunyanganya Rugaba kalamu, akapiga mustari moja, akamurudishia, akaenda. Rugaba alinuna juma nzima."

Katika karatasi nzima nilikuwa nimeijua sehemu ile moja tu, na sehemu ile ilikuwa kweli. Nilijipa moyo kwa hilo kidogo, kwa sababu nilihitaji kitu cha kushika. Cibalonza akafungua foronya.

Aganze alivua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Ndege ikapita juu. Alisubiri mpaka vikombe vilipotulia.

"Nilizani hii ilichomwa moto," alisema.

"Ni ya nani?" Cibalonza aliuliza, akiniangalia mimi.

"Mama, unaniuliza jua ni ya nani? Hii ni Bruda. Hata kama nilikuwa kipofu ningegusa karatasi nikakuambia. Angalia huku chini hakuweka kitu. Sisi hapa tungeweka kiti, sakafu, na paka kama paka alipita." Alicheka, kisha akaacha. "Padri mukubwa alikataa hii isitoke. Alisema picha ya arusi haiwezi kuwa na macho ya namna hii. Akachagua ya Rugaba, iko na heshima. Donc, basi, Bruda akamupatia bibi mwenyewe, mu siri."

"Na macho?" niliuliza. "Bruda alikosea macho?"

"Bruda hakukosea. Sisi ndio tulimufunga macho. Wote! Tulikuwa watoto wa kwetu, tulijua bibi-arusi anakaa namna gani, hatukuinua hata kichwa kuhakikisha. Bruda akakasirika sana. Alipita akiuliza, 'Huyu amelala? Nani amewaambia amelala?' Tukamwambia, Bruda, bibi-arusi haangaliake. Akasema, 'Lakini anaangalia.' Hakuna mutu alibadilisha. Tuliona haya kwa ajili yake."

Kwa hiyo yalikuwepo. Nilitamani kusimama, nishukuru kwa chai, nirudi Beechmont kwa mchoro wa Rugaba wenye mikono ya ndizi, mchoro ambao haukuwahi kunifanyia ubaya wowote. Badala yake nilisikia sauti, nyembamba, ikitoka kwangu.

"Alikuwa anaangalia nini?"

"Mulango."

"Na mlangoni alikuwepo nani?"

Aganze aliniangalia kama anayepima iwapo ninatania. Kisha alianza kucheka, kicheko kikageuka kikohozi, akajiinua kwa kushika meza na kwenda chumba kingine. Tulisikia droo zikivutwa. Séphora aliweka mkono wake mgongoni mwangu.

Aganze alirudi na karatasi aliyoiviringisha.

"Miye nilikuwa mubaya kuliko wote," alisema akiikunjua. "Sikujua kuacha kitu. Na siku ile nilichelewa, nikapewa nafasi ya nyuma. Nikaona tu mugongo yake na kitambaa. Donc nikachora vingine vyote."

Alikuwa amechora vingine vyote. Mgongo wa Bulonza ulikuwa pale mbele, mweusi, kama mtungi. Kisha matofali ya ukuta, moja moja. Jiko la masizi. Kopo la matete. Kuku wawili. Mlango wa mbao wenye komeo na misumari yake, umefunguliwa nusu. Na mlangoni mtu amesimama, amevaa koti ambalo mikono yake inaishia katikati ya mkono, ameshika kofia kifuani kwa vidole kumi, na ameinamisha kichwa chini kabisa, hata uso hauonekani, ni utosi tu na njia ya nywele iliyochanwa kwa bidii.

Koti lile lilikuwa la kaka yangu, nililoazima kwa ajili ya arusi.

"Ulikuja kusema kwaya iko tayari," Aganze alisema. "Hukusema kitu. Ulisimama pale kama mutu ameitwa na polisi. Yeye anakuangalia weye. Weye unaangalia viatu."

Basi ndipo kumbukumbu ilipokuja. Haikuja sura yake, ilikuja sakafu. Sakafu ya karakana ya Bruda, udongo uliopigwa ukang'aa, maganda ya matete, tone moja la wino lililokauka katika umbo la jani. Ninaikumbuka sakafu ile kuliko ninavyokumbuka nyumba nyingi nilizoishi, kwa sababu niliiangalia kwa nguvu zangu zote. Nilikuwa kijana mwenye heshima. Nilifundishwa kwamba bwana-arusi hamkodolei macho bibi kabla ya misa, nami nilitaka kila mtu pale ndani aone jinsi nilivyofundishwa. Hatua chache mbele yangu, msichana wa mtu, aliyefundishwa vilevile, aliamua kuangalia.

"Ni weye!" Cibalonza alipiga kofi moja mezani, vikombe vikaruka bila ndege. "Ni weye alikuwa anakuficha!"

"Kwa nini anifiche mimi mchoro huu?" nilisema. "Kama ni mimi mwenyewe?"

"Alikuwa anaogopa utajivuna," alisema, na machozi yalikuwa yanamshuka huku anacheka. "Na ungejivuna, shemeji! Mungu wangu, ungejivuna! Tungekuficha wapi?"

Séphora alicheka pia, ameziba mdomo, halafu hakuweza tena kuziba. Mimi niliziweka karatasi mbili kando kwa kando, ya bwana na ya mwanafunzi wake mbaya kuliko wote, nikazisogeza mpaka kingo zikagusana. Macho yake yalitoka kwenye karatasi moja, yakavuka, yakafika kwa mtu wa mlangoni. Sijui nilikaa hivyo muda gani. Nje theluji ilianza tena. Chumba kilijaa weupe kutoka dirishani, ukapanda juu ya meza, ukaingia katika nusu ile tupu ya mchoro wa Bruda, na ilionekana kana kwamba karatasi haina mwisho upande ule, kwamba ukitaka unaweza kuinua mguu ukaingia, ukapita kando ya kuku, ukasimama mahali pazuri zaidi.

Aganze alituchemshia chai nyingine. Akauliza tumeamua nini.

"Huu," nilisema, na nikauweka mkono juu ya macho yale bila kuyagusa.

Séphora aliupiga picha kwa simu, akamtumia Zenoni palepale. Kabla hatujamaliza chai, alipiga simu.

"Mzee Cubaka, shikamoo," Zenoni alisema. "Picha nimeipata. Nzuri, lakini ina nafasi kubwa mno huku chini, nitaweka maua na jina. Na huyu mama macho yameenda pembeni. Kuna namna ya kuyasogeza kwenye kompyuta, aangalie mbele kama watu. Nikusogezee?"

"Zenoni."

"Naam, mzee."

"Usimguse. Maua usiweke. Jina andika mgongoni."

"Lakini patabaki patupu, mzee. Watasema sikumaliza kazi."

"Wakisema, waambie waje kwangu. Nimesomea."

Tuliondoa matanga mwisho wa baridi, katika ukumbi wa kanisa letu huku Louisville. Aganze hakuweza kusafiri, lakini Cibalonza alikuja na magari mawili yaliyojaa watu wa Columbus. Kulikuwa na misa, kisha sala, kisha chakula, kisha ngoma. Popote nilipogeuka Bulonza alikuwepo: kwenye kifua chembamba cha msichana, kwenye tumbo la shemasi ambalo lilimnenepesha mashavu, kwenye mgongo wa mama aliyekata kitenge vibaya akamgeuza kichwa chini. Watu walipocheza, alicheza. Nilikaa kwenye kiti changu cha mbele, na ukumbi mzima ulikuwa ukielea kama kitu kinachoonekana kupitia maji, na mamia ya macho yake yakipita pembeni kila mmoja alipopita.

Mama Spés, mmoja wa wazee wa kanisa, Mrundi mwenye ulimi, alikuja akajishusha kwenye kiti cha jirani, akavuta fulana yake mbele ili aione vizuri.

"Baba Séphora, samahani nikuulize," alisema. "Huyu ni bibi-arusi kweli? Mbona anaangalia wanaume?"

"Mwanamume mmoja tu, mama," nilimwambia. "Sogea karibu, nikueleze alikuwa amevaa nini."